Jinsi ya kuomba kuwa mlinzi wa mpaka wa ng'ambo, Nyanda za Juu Kusini

Wasomaji wa hadithi zangu mmeniuliza sana: hivi mtu akitaka kujiunga na kile chama cha walinzi, wale wanaozuia dunia hii isimwagikie ile nyingine, anaanzia wapi? Chama nimekibuni mimi. Milima, barabara na baridi ni vya kweli, na urasimu nimeuazima kwenye ofisi ambazo sote tumewahi kupanga foleni. Haya, tuombe.

Anza kwa kuchagua kituo, maana fomu isiyo na jina la kituo haipokelewi. Chagua kilicho karibu na unapolala. Mtu wa Tukuyu asiombe Isimila, kule Iringa, eti kwa sababu amependa picha zake.

Kituo chenye upungufu mkubwa wa watu ni Ziwa Ngozi, lile lililojaa kwenye shimo la volkeno juu ya safu ya Poroto. Unapanda gari la Mbeya kwenda Tukuyu, unashuka Isongole, kisha ni miguu yako na msitu. Walinzi hukaa ukingoni juu, hawashuki majini. Ukungu ukitua pale huoni ziwa wala kidole chako, na mwanya wa kwenda dunia ile nyingine hupenda saa kama hizo.

Daraja la Mungu, lile la jiwe juu ya mto Kiwira, linawafaa wenye subira ya mahesabu. Unaandika waliovuka kwenda na waliorudi. Wakipungua wa kurudi, huenda wamepitia njia nyingine. Wakizidi, puliza filimbi.

Kimondo cha Mbozi ni kituo cha wabishi. Bonge la chuma la tani 16 hivi limelala pale bila shimo linaloonekana, na chama bado kinauliza liliingilia wapi. Anayeomba hapa aandike Mkoa wa Songwe, usiandike Mbeya. Mkoa uligawanywa 2016 lakini fomu za zamani bado zinazunguka, na karani hatakusahihishia, atakurudisha tu.

Isimila, kama kilomita 20 kutoka Iringa mjini, ina nguzo za mchanga zilizochongwa na mvua, na zana za mawe za watu walioishi zaidi ya miaka 200,000 iliyopita. Kosa linalokufukuzisha kazi hapa ni kuokota jiwe. Hujui kama mwenyewe alilitupa au aliliweka chini kidogo tu.

Ukishachagua, nenda kwa mwenyekiti wa mtaa au kijiji ukachukue barua ya utambulisho. Usimweleze mengi. Mimi nilisema naomba kazi ya ulinzi mpakani. Mzee akaniuliza, "Tunduma au Kasumulu?" Nikajibu, "Popote nitakapopangiwa, mzee." Akagonga muhuri. Sikumdanganya.

Ambatanisha nakala ya kitambulisho cha taifa na picha mbili za pasipoti saizi. Ya kwanza ya kawaida. Ya pili upigwe ukiwa umegeuza kisogo, kwa sababu walioko ng'ambo hukuona kwa nyuma, na mlinzi wa zamu nyingine lazima aweze kukutambua kutokea huko. Mpiga picha atacheka. Mlipe kabla hajaanza kuuliza maswali.

Sasa daftari, na hapa ndipo wengi huanguka. Unatakiwa ukae sehemu moja siku 30, asubuhi na jioni, uandike unachokiona. Daftari dogo la kurasa 48 linatosha. Mara ya kwanza nilikaa mlimani juu ya mji wa Mbeya nikaandika ukungu ulivyojifunga kama kanga, jua lilivyochomoza kama yai, na mambo mengine ya namna hiyo. Nilijiona nimemaliza kazi.

Mama aliyekuwa anapokea maombi alikuwa amejifunga kitenge juu ya sweta, chupa ya chai iko miguuni. Akafungua ukurasa wa tatu, akatoa kalamu nyekundu, akapiga mstari kutoka juu mpaka chini. "Mwanangu, hii insha. Ukungu ulitua saa ngapi?"

Sikuwa najua.

"Mbwa walibweka?"

Walibweka, lakini sikuandika.

"Wakaacha saa ngapi?" Akafunga daftari, akanirudishia kwa mikono miwili, kwa heshima zote. "Shikamoo hujasahau, umelelewa vizuri. Rudi mwezi ujao."

Nilirudi. Safari hii ukurasa mmoja ulisomeka hivi: *Saa 12:10 asubuhi ukungu umefika kwenye mnara wa simu. 12:25 jogoo wa jirani kawika mara mbili, wa pili hakujibu. 12:40 pikipiki imepita kuelekea juu, haina taa. 12:55 ukungu umeondoka, pikipiki haijashuka.* Mama alisoma, akaweka kidole kwenye ile pikipiki, akakitoa. Akagonga muhuri.

Fomu ni bure. Akija mtu stendi anasema ana jamaa ndani na elfu ishirini inatosha, huyo ni kishoka kama vishoka wengine.

Mahojiano hufanyika usiku, kituoni kwenyewe. Ukiitwa mwezi wa sita au wa saba vaa sweta mbili, kofia na soksi nzito. Wa Kitulo, ule uwanda wa juu milimani, waongeze blanketi. Iringa utasalimiwa "Kamwene", nawe uitikie "Kamwene", kisha ukae kimya. Hapo Iringa wapo watakaokupandisha Gangilonga, jiwe ambalo jina lake kwa Kihehe ni jiwe linaloongea. Hawatakuuliza chochote mpaka alfajiri. Wakiuliza limesema nini, na wewe hukusikia kitu, sema hukusikia. Aliyekuwa mbele yangu alitoa hotuba ndefu kwa niaba ya jiwe, na walimsindikiza mpaka barabarani kwa upole kabisa.

Majibu huja baada ya wiki mbili au sita, kutegemea mvua. Ukikubaliwa utapewa koti la mvua, tochi, filimbi na daftari lingine, likiwa na saa zimeshaandikwa pembeni kwa kalamu nyekundu. Betri za tochi unanunua mwenyewe.