Kabla hujafungua shauri la kudharau mahakama dhidi ya ofisi ya umma

Mtu akija kwangu na amri ya mahakama mkononi, akisema bodi au wizara imeidharau, namwomba kwanza vitu viwili: amri yenyewe na barua ya mwisho aliyojibiwa. Naziweka sambamba mezani na kupiga mstari chini ya kila kitu ambacho ofisi iliamriwa kufanya. Hapo ndipo shauri linaposimama au kuanguka.

Amri inayosema "mjibu maombi ampe mleta maombi leseni ndani ya siku 30" haiachi mwanya. Siku zikipita bila leseni, imevunjwa. Lakini amri nyingi za mapitio ya mahakama, yaani pale jaji anapokagua kama ofisi ilifuata sheria ilipoamua, haziko hivyo. Jaji hubatilisha uamuzi wa awali, kisha huirudishia mamlaka ombi "ilifikirie upya kwa mujibu wa sheria". Nilimsimamia mama mmoja aliyekuwa na amri ya aina hiyo. Bodi ilimwita, ikamsikiliza, kisha ikamwandikia kwamba ombi limekataliwa tena, safari hii kwa sababu nyingine. Alilia, na mimi mwenyewe niliuona uamuzi ule kuwa mbovu. Hata hivyo bodi iliamriwa ifikirie, na ilifikiria. Ubovu wa uamuzi mpya unapingwa kwa mapitio mapya. Jaji wa shauri la kudharau mahakama haketi kama mahakama ya rufaa.

Mahakama ya Juu ya India ilisema hivyo mwaka 1996 katika shauri la J.S. Parihar dhidi ya Ganpat Duggar. Serikali iliamriwa kuandaa orodha ya ukubwa kazini, yaani nani amemtangulia nani katika utumishi, ikaiandaa, wengine wakalalamika kuwa imekosewa. Jibu la mahakama: orodha iwe sahihi au isiwe sahihi, imezaa dai jipya, na dai hilo lina njia yake.

Nasisitiza hili kwa sababu ya muda. Saa za mapitio mapya huanza kwenda pale uamuzi mpya unapotolewa, na hazikungoji umalize shauri la kudharau. Uingereza na Wales unatakiwa kuwasilisha maombi bila kuchelewa, na isizidi miezi 3. Kenya, chini ya Amri ya 53 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai, amri ya kubatilisha huombwa ndani ya miezi 6. Nimeona haki ya mtu ikifia hapo, akiwa amefungua shauri la kudharau badala ya mapitio mapya.

Sasa, lini ulifungue? Ofisi ikikaa kimya hadi muda uliowekwa upite. Ikifanya jambo ililokatazwa waziwazi. Au "ikifikiria upya" kwa kurudia sababu ileile jaji aliyoitupa, maana huko ni kutii kwa jina tu. Usiogope ukubwa wa mtu: mwaka 1993, katika shauri la M dhidi ya Home Office, mahakama ya juu kabisa ya Uingereza ilithibitisha kwamba hata waziri, kwa wadhifa wake, anaweza kukutwa na hatia ya kudharau mahakama.

Ila ushahidi uwe mzito, kwa kuwa mtu anaweza kufungwa jela. Onyesha kuwa amri ilikuwa wazi, mhusika aliijua, hakuitii, na alifanya hivyo kwa makusudi. Hilo la pili ndilo linaloangusha mashauri mengi. Usiiache amri masijala ukaondoka. Mpelekee ofisa mwenye mamlaka ya kuitekeleza, kwa jina na cheo chake, ikiwa na onyo la adhabu juu yake. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa, na aliyepeleka aape hati ya kiapo akitaja siku, saa na aliyepokea. Ofisi haiwezi kulala rumande. Mtu ndiye anayeweza.

Kabla ya kufungua, andika barua moja fupi: taja aya ya amri, taja kisichofanyika, toa siku 14. Wakijibu kwamba amri haieleweki, rudi kwa jaji aliyeitoa ukaombe ufafanuzi. Wakijibu kwa uamuzi mpya, andika tarehe yake juu ya faili na uanze kuandaa mapitio siku hiyohiyo.