Jinsi ya kuomba kosa lirekebishwe kwenye kumbukumbu rasmi za majengo na maeneo ya kihistoria Kenya

Nyumba imeandikiwa ploti ya jirani. Msikiti umeongezewa miaka arubaini au umepunguziwa. Gofu limebandikwa jina la kijiji cha pili. Makosa kama haya yamo kwenye kumbukumbu za turathi, na mengi yake hurekebishika kwa barua moja iliyoandikwa vizuri. Maombi mengi hukwama kwa sababu moja: mwombaji anapeleka malalamiko kabla hajajua kosa limekaa kwenye daftari lipi. Kila daftari lina mwenyewe, na ofisi haiwezi kusahihisha kitabu cha ofisi nyingine hata ikikubali kwamba unasema kweli.

Basi anza hapo.

Kosa liko wapi hasa?

Jengo moja la kale laweza kuwa na kumbukumbu nne au tano. Ya kwanza na yenye nguvu ya kisheria ni tangazo la Gazeti Rasmi la Serikali. Chini ya kifungu cha 25 cha Sheria ya Makumbusho ya Kitaifa na Turathi ya mwaka 2006, waziri anayehusika na turathi, akishashauriana na Makumbusho ya Kitaifa ya Kenya, hutangaza jengo au mahali kuwa mnara wa kihistoria (kwa Kiingereza "monument") au eneo linalolindwa. Matangazo mengine ni ya zamani zaidi, yalitolewa chini ya sheria ya 1983 au zile za kikoloni zilizoanza mwaka 1927, kwa hiyo usishangae ukikuta tahajia za kizungu cha enzi hizo.

Ya pili ni orodha za ndani za Makumbusho: faili la jengo, picha, ramani, maelezo ya watafiti. Ya tatu ni daftari la ardhi. Ya nne ni kibao kilichosimamishwa mlangoni. Na kwa maeneo machache, kama Mji wa Kale wa Lamu ulioorodheshwa 2001, Kaya za Wamijikenda 2008, Fort Jesus 2011, Thimlich Ohinga 2018 na Gede 2024, iko pia kumbukumbu ya UNESCO.

Usiliamini neno la mtu, hata awe afisa, kwamba "jengo liligazetiwa hivyo." Litafute tangazo lenyewe. Matoleo ya Gazeti Rasmi, ya miaka mingi nyuma, yanasomwa bure kwenye tovuti ya Kenya Law. Andika nambari ya tangazo, tarehe ya toleo na ukurasa, kisha chapisha nakala. Mara nyingi utagundua kwamba tangazo liko sawa, na aliyekosea ni mchora kibao. Hapo kazi imekuwa nyepesi: peleka nakala ya tangazo na picha ya kibao kwenye ofisi ya Makumbusho iliyo karibu nawe, uombe kibao kibadilishwe. Huhitaji waziri kwa jambo hilo.

Kosa, au ubishi?

Kabla ya kuandika, jiulize kama unachokiona ni kosa kweli. Ngome ya Lamu utaiona mahali pengine imeandikwa 1813, pengine 1821. Hakuna aliyekosea, kwani ujenzi ulianza mwaka wa kwanza ukakamilika mwaka wa pili. Fort Jesus nayo ni 1593 na 1596 kwa sababu hiyohiyo. Ukiomba mwaka mmoja ufutwe utarudishwa, na utakuwa umejipotezea heshima ya barua yako ijayo. Omba badala yake iandikwe wazi: ujenzi ulianza lini, ukaisha lini.

Majina ni hivyohivyo. Gede na Gedi, Siyu na Siu, Shela na Shella, zote zimo kwenye nyaraka halali. UNESCO imeorodhesha kwa tahajia ya Gedi ilhali wenyeji wengi huandika Gede. Ombi linalopita kwa urahisi hapa ni la kuongeza jina la pili kando ya lile la kwanza, ili mtafutaji alipate eneo kwa jina lolote analolijua. Mimi nasimama na tahajia ya wenyeji kila mara, lakini kufuta jina la zamani kunakata uzi kati ya leo na ripoti za watafiti waliochimba huko miaka ya arubaini na hamsini.

Tarehe za Hijria ndizo zinazozaa makosa ya kweli. Milango ya kuchonga na maandishi ya misikitini yana miaka ya Kiislamu, na aliyesajili huenda alijumlisha 622 akaendelea na safari. Mwaka wa Hijria ni mfupi kuliko wa Miladia kwa takriban siku kumi na moja, kwa hivyo hesabu hiyo haikubali. Mlango wenye 1300 ni wa 1882 au 1883. Kwa kujumlisha tu utaambiwa ni wa 1922. Ukiona jengo lina tarehe inayoshangaza, nenda kasome mlango wenyewe kwanza. Kumbuka tu kwamba milango huhama. Mlango wa mwaka fulani hauthibitishi kwamba nyumba ni ya mwaka huo.

Kosa jingine la kweli ni la mahali. Pwani yote ya Kenya iko kusini mwa ikweta, na karani akisahau alama ya kusini, Gede yenye latitudo ya nyuzi 3 na dakika 18 itaangukia kaskazini mwa nchi, kuelekea mpaka wa Ethiopia. Hilo huonekana upesi. La kufichika ni hili: ramani za zamani za Idara ya Upimaji zilichorwa kwa mfumo wa kupima mahali uitwao Arc 1960, na simu yako inatumia mwingine uitwao WGS84. Tofauti ya mifumo hiyo hapa kwetu ni karibu mita 300. Porini si kitu. Mji wa Kale, mita 300 ni mtaa mwingine kabisa. Ukidai kwamba eneo limewekwa vibaya, taja mfumo uliotumia kupima, la sivyo mpima ardhi ataitupa hesabu yako bila kuisoma.

Kuhusu ploti, chunguza kama nambari imebadilishwa na serikali yenyewe. Tangu Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, hati za sheria za zamani zimekuwa zikihamishiwa mfumo mmoja, na nambari nyingi zimebadilika. Tangazo la miaka ya themanini au tisini likitaja nambari isiyopatikana leo, huenda lilikuwa sahihi siku lilipochapishwa. Ambatisha ushahidi wa nambari ya zamani na mpya pamoja.

Ushahidi unaokubalika

Kusanya vitu vichache vyenye uzito:

- nakala ya tangazo la Gazeti Rasmi, sehemu yenye kosa imepigiwa mstari;
- matokeo ya upekuzi rasmi wa ardhi, na ramani ya upimaji ikiwa kosa ni la ploti au mpaka;
- picha za jengo kutoka barabarani, na za maandishi yoyote yaliyochongwa, zikiwa na tarehe ya kupigwa;
- nakala kutoka hifadhi ya Nyaraka za Kitaifa Nairobi au maktaba ya Fort Jesus, kama kosa ni la mwaka au jina;
- hati ya kiapo ya mzee au wazee wanaojua jengo, iliyoapwa mbele ya kamishna wa viapo.

Kiapo cha wazee kinadharauliwa bila haki, lakini pia kinatumiwa vibaya. Mzee aeleze alichokiona na alichoambiwa na nani, kila kimoja mbali. "Babu yangu aliniambia nyumba ilijengwa na fulani" ni ushahidi mzuri wa simulizi. Ukiugeuza kuwa "nathibitisha ilijengwa mwaka fulani" umeuharibu.

Kama jengo ni wakfu, na ya Mombasa na Lamu mengi ni wakfu, pata barua ya Tume ya Wakfu au ya msimamizi wa wakfu huo. Bila hiyo, ombi la kubadilisha jina la mmiliki halisogei. Tena ugomvi wa warithi usiupeleke Makumbusho. Huo ni wa Mahakama ya Kadhi, na ofisi ya turathi itasubiri hukumu.

Barua

Iandike kwa Mkurugenzi Mkuu wa Makumbusho ya Kitaifa ya Kenya, Nairobi, ikipitia kwa msimamizi wa makumbusho ya eneo lako: Fort Jesus kwa Mombasa, Makumbusho ya Lamu kwa Lamu. Wa Mji wa Kale Mombasa wapeleke nakala kwa ofisi ya uhifadhi wa Mji wa Kale pia, maana maafisa wake ndio watakaotumwa kuja kuangalia. Kiswahili ni lugha rasmi kwa mujibu wa Katiba; usilazimike kutafuta mtu wa kukuandikia Kiingereza. Barua isizidi ukurasa mmoja. Mfano:

*KUH: OMBI LA KUREKEBISHA KOSA KATIKA TANGAZO NAMBARI ... LA TAREHE ...*

*Mimi ni mmiliki / msimamizi wa wakfu / mkazi wa jirani wa jengo lililotajwa kwenye tangazo hilo, ukurasa ..., mstari ....*

*Tangazo linasema: "..."*

*Inavyopaswa kuwa: "..."*

*Sababu: ... (angalia viambatisho 1 hadi ...).*

*Naomba Makumbusho yathibitishe kosa hili na kumshauri waziri lichapishwe sahihisho. Niko tayari kuonyesha jengo kwa afisa wenu siku yoyote mtakayonijulisha.*

Zile sehemu mbili, "linasema" na "inavyopaswa kuwa", ndizo roho ya barua. Gazeti Rasmi huchapisha masahihisho yake chini ya kichwa CORRIGENDA, kwa mtindo huohuo: katika tangazo nambari fulani, neno lililochapishwa hivi lisomeke hivi. Ukiwapa maneno yaliyo tayari, umewapunguzia kazi, na karani aliyepunguziwa kazi hukumbuka faili lako.

Historia ndefu ya ukoo, malalamiko kuhusu kaunti, na hasira za miaka iliyopita, viache nyumbani. Peleka nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, urudi nayo.

Sahihisho dogo au tangazo jipya

Herufi, nambari iliyogeuzwa, jina la mtaa au mwaka: hayo ni ya sahihisho. Lakini ukitaka mpaka usogezwe, ploti iongezwe, au jengo la nyuma liingizwe, umetoka kwenye makosa ya uchapaji. Hapo panahitajika tangazo jipya chini ya kifungu cha 25, ambalo hufungua muda wa watu kuwasilisha pingamizi, na muda huo huandikwa ndani ya tangazo lenyewe. Jirani yako ana haki ya kupinga. Ni busara ukamwendee kabla hajasoma habari zake ukutani.

Na kuna wanaoandika "kosa" wakikusudia jengo liondolewe kwenye ulinzi ili wabomoe wajenge ghorofa. Maafisa wanaijua hila hiyo. Kama unapinga ulinzi, sema unapinga, na uwe na sababu. Vyovyote iwavyo, usivunje ukuta wala kubadili mlango wakati ombi linasubiri. Kukosewa kwa nambari ya ploti hakukupi ruhusa.

Baada ya kuwasilisha

Tarajia afisa kuja kupima na kupiga picha. Awepo mtu anayejua jengo, si kijana wa kufungua mlango tu. Makumbusho yakikubali, ushauri huenda kwa waziri, kisha kwa Mpigachapa wa Serikali. Gazeti hutoka Ijumaa, kwa hiyo kagua kila Ijumaa baada ya kuambiwa kwamba sahihisho limepelekwa.

Kukiwa kimya, andika ombi la pili chini ya Sheria ya Kupata Habari ya 2016, ukiuliza barua yako imefikia wapi na nani anayo. Ombi hilo laweza kuandikwa kwa Kiswahili au Kiingereza, na ofisi inatakiwa kuamua ndani ya siku 21. Ukinyimwa, una siku 30 za kuomba mapitio kwa Tume ya Haki za Utawala, maarufu kama Ombudsman. Kifungu cha 35(2) cha Katiba nacho kinampa kila mtu haki ya kusahihishiwa au kufutiwa habari zisizo za kweli zinazomwathiri. Kitaje kama wewe ni mmiliki au msimamizi. Kwa mpenda historia asiye na uhusiano na jengo, hoja hiyo ni nyembamba.

Sahihisho likishachapishwa, peleka nakala yake mwenyewe kwenye madaftari mengine, kwani hayasomani. Kwa daftari la ardhi, Msajili anaweza kurekebisha makosa madogo chini ya kifungu cha 79 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012. Yanayogusa haki ya mmiliki yanahitaji amri ya mahakama, kifungu cha 80. Kwa UNESCO huendi wewe. Serikali ndiyo inayoomba: mabadiliko madogo ya mpaka huwasilishwa kabla ya tarehe 1 Februari, na mabadiliko ya jina angalau miezi mitatu kabla ya kikao cha Kamati ya Urithi wa Dunia. Ikiwa jambo lako linagusa orodha hiyo, liseme tangu barua ya kwanza kwa Makumbusho, ili wasikose kalenda ya mwaka mzima.