Bahasha iko wapi? Namna ya kuandaa shauri la haki kabla ya kupanda gari la Arusha

Swali langu la kwanza kwa kila anayeketi kwenye benchi langu hapa Moshi ni hili: bahasha iko wapi? Watu hushangaa. Wamekuja na hasira, wengine na machozi, barua wameikunja mara nne mfukoni. Bahasha wamewashia jiko.

Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Siwezi kusimama mahakamani kukusemea. Kazi yangu ni kukupangia karatasi ili wakili akizipokea aanze kazi siku hiyohiyo. Ninayoandika hapa nimejifunza kwa kukosea pia. Miaka kadhaa nyuma, kikundi cha wakulima kutoka Kibosho kilizuiwa kufanya mkutano wa kuchagua viongozi wake. Barua ya zuio ilitoka ofisi moja ya serikali, tarehe ikaandikwa, muhuri ukagongwa, kisha ikakaa huko. Iliwafikia wiki tano baadaye. Katibu aliiweka barua kwenye faili vizuri kabisa, bahasha yenye muhuri wa posta akampa mtoto achoree. Walipofika kwangu, kwa tarehe ya barua walibakiza siku mbili za kufungua shauri. Kwa muhuri wa posta wangeweza kudai kwamba bado wana zaidi ya mwezi. Hatukuwa na cha kuonyesha, na hakuna wakili aliyeweza kuandaa hati kwa siku mbili. Shauri halikufunguliwa. Mimi ndiye niliyepaswa kuwa nimewafundisha mapema, kwa sababu nilikuwa nawatembelea kila mwezi.

Kwa hiyo anza na tarehe. Halafu ujue unakwenda mlango gani.

Arusha ina mahakama mbili ambazo watu huzichanganya, hata madereva wa bodaboda. Ya kwanza ni Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki, iliyo makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, jirani na AICC, kile kituo cha mikutano ya kimataifa. Ya pili ni Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, ambayo kwa miaka mingi imekuwa kwenye majengo ya TANAPA, shirika la hifadhi za taifa, barabara ya kwenda Dodoma. Mama mmoja niliyemwelekeza vibaya alishinda asubuhi nzima upande usio wake. Siku hizi nachora ramani.

Mlango wa Jumuiya uko wazi kwa mkazi yeyote wa nchi mwanachama. Huhitaji kwanza kumaliza mahakama za nyumbani. Unachodai ni kwamba sheria, uamuzi au kitendo cha serikali kimevunja Mkataba wa Jumuiya, na Ibara ya 6(d) ya Mkataba huo inazitaka nchi zifuate utawala bora, demokrasia, utawala wa sheria na haki za binadamu. Mahakama hii haina woga. Mwaka 2005, Mahakama Kuu ya Uganda ilitoa dhamana kwa washtakiwa wa uhaini, na watu wenye silaha wakaizingira mahakama ili wasitoke. Novemba 1, 2007, majaji wa Arusha walisema kitendo kile kilivunja utawala wa sheria. Huwa nawasimulia kesi hii vijana wanaodhani majaji husikiliza wenye bunduki tu.

Lakini mlango huu una kufuli kali: miezi miwili. Inahesabiwa tangu kitendo kilipotokea au uamuzi ulipotolewa, au, pasipo hivyo, tangu ulipofahamu. Usijipe moyo kwamba ubaya unaendelea hivyo muda hauishi. Shirika moja la madaktari na wanasheria wa Kenya lilifika Arusha na malalamiko ya watu walioteswa eneo la Mlima Elgon, magharibi mwa Kenya. Kitengo cha awali cha mahakama kilikubali kusikiliza. Mwaka 2012 Kitengo cha Rufani kikasema wamechelewa. Watu walioteswa kweli, na shauri likafia kwenye kalenda. Nikilikumbuka hilo huwa nakosa usingizi.

Mlango wa pili una desturi tofauti. Kufungua shauri hakulipiwi, na wafungwa wengi wa Tanzania waliwahi kuandika maombi yao wenyewe. Ila lazima uwe umemaliza njia za nyumbani, isipokuwa kama zimecheleweshwa kupita kiasi, na nchi yako iwe imetoa tamko la kuruhusu watu binafsi waende moja kwa moja. Tanzania ilitoa tamko hilo mwaka 2010, ikatangaza kuliondoa Novemba 2019, na tangu Novemba 22, 2020 Mtanzania hawezi kufungua shauri jipya pale. Inaniuma, maana jengo liko kwetu. Gambia, baada ya mtawala wake wa muda mrefu Yahya Jammeh kuondoka Januari 2017, ilikwenda upande wa pili: ikafungua mlango. Kwa sasa Mtanzania anayetaka ngazi ya bara hupeleka malalamiko kwa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Banjul, Gambia.

Sasa karatasi. Nunua kaunta buku, chora safu tatu: tarehe, tukio, uthibitisho. Mstari mmoja uwe hivi: "Machi 14, saa nne asubuhi, niliitwa kituoni, nikaachiwa saa kumi na moja jioni. Uthibitisho: karatasi ya dhamana." Safu ya tatu ikiwa tupu, andika jina la aliyeona. Usiandike "walininyanyasa". Andika nani alifanya nini, alisimama wapi, alisema neno gani. Ujumbe wa simu uchapishe ukiwa na namba na tarehe, na simu yenyewe usiiuze. Barua ikifika, usikae nayo: pini bahasha nyuma yake, andika kwa kalamu siku uliyoipokea na aliyekukabidhi, saini. Kama umeipokea kwa mkono, omba aliyeileta asaini kwenye kitabu chako.

Toa nakala tatu za kila kitu. Moja isilale nyumba moja na wewe. Hii nasisitiza kuliko yote, na sababu ni Burkina Faso. Norbert Zongo, mwandishi wa habari, aliuawa Desemba 13, 1998 pamoja na wenzake watatu, gari lao likachomwa. Alikuwa akichunguza kifo cha dereva wa mdogo wake Rais Blaise Compaoré. Mwaka 2006 hakimu wa nchi yao alimfutia mashtaka mtu pekee aliyeshtakiwa. Familia hazikutupa jalada. Mwaka 2011 walifungua shauri Arusha. Mahakama ya Afrika ikasema mauaji yenyewe yalitokea kabla Itifaki iliyoianzisha mahakama hiyo haijaibana Burkina Faso, lakini kutochunguza ni kosa lililoendelea miaka yote. Machi 28, 2014 serikali ikashindwa. Oktoba mwaka huohuo wananchi walijaa barabarani, Compaoré akakimbia. Juni 2015 mahakama ikaamuru fidia kwa wajane, watoto na wazazi, na uchunguzi ufufuliwe. Angalia hesabu: tangu mauaji hadi hukumu ni miaka 15, na mtawala alikuwa yuleyule. Karatasi zilizotunzwa wakati hakuna wa kuzisoma ndizo zilizosomwa.

Na angalia tena: kosa linaloendelea lilikubalika Mahakama ya Afrika, likakataliwa mlango wa Jumuiya, mji uleule. Ndiyo maana nakwambia ujue unakwenda wapi kabla ya kuandika.

Jambo ambalo wengi huliacha mwishoni wakati linapaswa kuwa mapema ni unachokiomba. "Nataka haki" haitoshi. Jaji ataamuru nini? Mchungaji Christopher Mtikila alijua kuomba. Alianza Mahakama Kuu mwaka 1993, akidai mgombea binafsi, asiye na chama, aruhusiwe. Akashinda, Katiba ikabadilishwa ili kuuzima ushindi huo, akarudi tena, akashinda tena, Mahakama ya Rufani mwaka 2010 ikasema hilo ni la Bunge. Juni 14, 2013 Mahakama ya Afrika ikampa ushindi, na ikaitaka Tanzania irekebishe mambo. Alifariki Oktoba 2015, na hadi uchaguzi wa 2025 mgombea binafsi hakuwepo. Siwafichi wateja wangu hili. Nawaambia waombe mambo mawili: lile kubwa la sheria kubadilika, na lile dogo linaloweza kutekelezwa kesho, kama kurudishiwa mali, au barua ya zuio kufutwa. Ukipata dogo, watoto wanakula.

Lugha ya Mahakama ya Afrika Mashariki ni Kiingereza. Barua yako ya Kiswahili itafsiriwe na mtu atakayeweza kuapa kwamba tafsiri ni sahihi. Usimpe mpwa wako wa kidato cha nne. Tenga wiki moja kwa hilo, na uihesabu ndani ya ile miezi miwili.

Siku ya safari panda Coaster ya alfajiri. Barabarani kuna msongamano kuanzia Tengeru, na masijala haitakusubiri. Kila nakala unayoacha, rudi na yako iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Wiki iliyopita alikuja kijana wa Pasua.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Bahasha iko wapi?"

Akatoa kaunta buku chini ya koti, lina mikunjo, ukurasa wa pili umepiniwa bahasha ya kaki, na pembeni kwa kalamu ya bluu: nimepokea kwa mkono wa mjumbe, saa tisa na robo. Tulihesabu pamoja kwa vidole. Ana siku 41.