Jinsi ya Kuchunguza Neno la Kiingereza: Maana, Asili na Matumizi ya "School"

Mwongozo huu ni kwa wafasiri na walimu wanaotaka kulijua neno la Kiingereza kwa undani kuliko kamusi ndogo ya mfukoni inavyoruhusu. Nimechagua "school" kwa makusudi: ni neno ambalo karibu kila msomaji huamini kwamba amekwisha kulimudu, na hapo ndipo tafsiri mbovu nyingi huzaliwa.

Hatua ya 1: Kusanya sentensi kabla ya kufungua kamusi

Tafuta sentensi kumi au zaidi katika magazeti, ripoti na vitabu vya waandishi mbalimbali, kisha uzinakili zikiwa kamili. Kazi hii huchosha, lakini ndiyo inayokuzuia kulilazimishia neno maana uliyoizoea. Utakuta "school" ikitaja jengo, muda wa masomo, wanafunzi na walimu kwa ujumla wao, sehemu ya chuo kikuu (Chuo Kikuu cha Dar es Salaam huiita Shule Kuu, kama vile Shule Kuu ya Sheria), wanafikra au wachoraji wenye mwelekeo mmoja, na hata kundi la samaki.

Hatua ya 2: Tenganisha maneno yanayofanana kwa tahajia tu

Kundi la samaki si tawi la maana ya shule. Hilo ni neno jingine, lililotoka katika Kiholanzi cha zamani, "schole", yaani kundi, na ni ndugu wa "shoal". Liandikie kidahizo chake, yaani ingizo lake lenyewe katika kamusi pamoja na maelezo yake, wala usibuni hadithi ya kuwaunganisha samaki na wanafunzi, hata kama hadithi hiyo inapendeza.

Hatua ya 3: Fuatilia asili kwa kurudi nyuma

Kiingereza cha kale kilikuwa na "scol", kutoka Kilatini "schola", nacho Kilatini kilichukua kutoka Kigiriki "skholē", neno lililomaanisha wakati wa mapumziko. Kwa Wagiriki waliokuwa na nafasi hiyo, muda usio wa kazi ulitumika kwa mazungumzo ya kielimu; basi neno likahama kutoka muda hadi mazungumzo yenyewe, kisha mafundisho, na hatimaye mahali yanapotolewa. Herufi "h" ya leo ilirudishwa baadaye kwa kuiga Kilatini, kwani katika karne za kati wengi waliandika "scole".

Kilatini hichohicho kiliwapa Wajerumani "Schule", ambayo Kiswahili kilipokea kuwa shule wakati wa utawala wao Tanganyika, ilhali skuli ya Zanzibar ilitoka kwa Kiingereza. Kwa hiyo shule na skuli ni ndugu waliofika kwa njia mbili. Hata hivyo, asili haiwezi kukuamulia maana ya leo, na hakuna anayeweza kudai kwamba shule ni mahali pa kupumzikia kwa sababu Wagiriki walianzia huko.

Hatua ya 4: Chunguza sarufi inayolizunguka neno

Linganisha "go to school" na "go to the school". Ya kwanza ni ya mwanafunzi anayekwenda kusoma. Ya pili ni ya mzazi anayepeleka ada au fundi anayekwenda kurekebisha paa. Neno dogo "the" hubadilisha shughuli kuwa mahali. Mfano huo unajitokeza pia kwa "church" na "prison", kwa hiyo ukiuelewa hapa umepata ufunguo wa maneno mengine. Katika Kiswahili mara nyingi tofauti hii hubebwa na kitenzi: "anasoma shule" si sawa na "amekwenda shuleni".

Hatua ya 5: Uliza msemaji ni wa nchi gani

Mmarekani akisema "school" huenda anazungumzia chuo kikuu. Hatari kubwa zaidi ni "public school": Marekani ni shule ya serikali, lakini Uingereza, hasa England, ni shule kongwe ya binafsi yenye ada kubwa, kama Eton, iliyoanzishwa mwaka 1440. Ukiandika "shule ya umma" bila kuangalia nchi, umemwambia msomaji kinyume cha habari.

Hatua ya 6: Andika kidahizo na ukijaribu

Kwa wanafunzi, tanguliza maana inayotumika zaidi. Oxford English Dictionary hupanga maana kwa historia, hivyo ya kwanza humo si lazima iwe ya kawaida. Kisha tafsiri sentensi zako zote kwa kutumia kidahizo chako pekee. Sentensi itakayokataa inaonyesha maana uliyoiruka. Itafutie nyingine zinazofanana nayo, kisha urekebishe kidahizo.