Kupiga picha mwaloni siku ya ajali ya majini

Nimepiga picha za misiba ya Ziwa Victoria kwa miaka mingi, mara nyingi mwaloni, yaani ufukweni ambako mitumbwi ya wavuvi hutia nanga. Hatua hizi ndizo ninazowafundisha vijana wanaoanza kazi hii hapa Mwanza.

Hatua ya 1: Jiandae kabla ya kutoka nyumbani
Beba betri mbili zilizojaa chaji, memori kadi mbili, mfuko wa nailoni wa kufunika kamera, daftari na penseli (wino hutawanyika karatasi ikilowa). Linganisha saa ya kamera na ya simu. Ukipanda mtumbwi vaa jaketi la kujiokolea, hata kama wenzako hawana.

Hatua ya 2: Ukifika, kamera ibaki begani
Hapa ndipo wengi wanaharibu. Watu wamekaa juu ya makasia na magunia ya dagaa, macho yote majini. Ukiwaingilia na kamera usoni, umeingia msibani bila hodi. Jitambulishe kwa viongozi wa mwalo, kisha uwaendee wafiwa: "Shikamoo mama. Pole sana. Mimi ni mpiga picha wa gazeti, naomba nikae hapa." Halafu kaa kweli. Akikataa, ondoka.

Mama mmoja aliniambia, "Subiri kwanza, baba." Nikasubiri karibu saa nzima. Mkononi alikuwa na kandambili moja ya mtoto, ya bluu, mkanda wake umefungwa kwa waya. Baadaye akasema, "Haya, piga, watu waone." Nilipiga picha tatu: mikono yake na ile kandambili, basi.

Hatua ya 3: Piga ukiwa karibu
Tumia lenzi ya milimita 35, inayokulazimu usogee karibu na mtu. Lenzi ndefu inamnasa mtu asiyejua kama anapigwa picha, na mfiwa hastahili hilo. Usipige nyuso za maiti. Ndugu wasipate habari ya msiba kwa kuona picha kwenye simu. Piga wavuvi wanaovuta kamba, kina mama wanaowapikia uji waopoaji, karatasi ya majina ukutani. Mchana maji hung'aa, kwa hiyo pima mwanga usoni mwa mtu. Ndani ya mtumbwi, kasi ya shata (muda ambao kamera hufunguka kuingiza mwanga) isishuke chini ya 1/500 ya sekunde, la sivyo mawimbi yatatia picha ukungu.

Hatua ya 4: Andika maelezo ya picha hapohapo
Andika mahali, saa, na nani kakupa idadi. Kivuko cha MV Nyerere kilipopinduka karibu na kisiwa cha Ukara tarehe 20 Septemba 2018, idadi ya waliofariki ilipanda siku hadi siku mpaka ikapita 220. Na siku mbili baada ya ajali, mhandisi wa kivuko akatolewa akiwa hai. Kwa hiyo ambaye hajaonekana, andika hajaonekana.

Hatua ya 5: Rudi
Nenda kwenye arobaini na picha iliyosafishwa, ndani ya bahasha. Uliza nani sasa analisha watoto, na kama mitumbwi imeongezewa maboya. Hiyo ndiyo habari yako ya pili. Mama wa kandambili aliniomba nakala mbili, moja yake, nyingine ya bibi wa mtoto kule kisiwani.