Kuomba Cheti cha Maadili Mema kwa Anayetaka Kufanya Kazi na Watoto Mombasa

Mwalimu wa chekechea, mlezi wa makao ya watoto au dereva wa basi la shule anayeombwa cheti cha maadili mema huanzia kwenye eCitizen, mtandao wa huduma za serikali ya Kenya, ambako hujaza ombi kwa Idara ya Upelelezi wa Jinai, DCI, hulipa ada, kisha huchapisha fomu ya C24, ambayo ni ya alama za vidole, pamoja na risiti. Jina liandikwe herufi kwa herufi kama lilivyo kwenye kitambulisho, kwa sababu watu wengi wa Pwani hujulikana kwa jina la baba au la ukoo ambalo halimo kwenye kadi, na tofauti ndogo huweza kuchelewesha cheti.

Usijichukulie alama za vidole nyumbani. Beba fomu, risiti na kitambulisho halisi hadi Huduma Centre, kituo cha huduma za serikali kilicho katika jengo la Posta, Barabara ya Digo, ambako afisa atachukua alama za vidole vyote kumi. Osha mikono vizuri kabla, hasa ikiwa una hina mbichi au kazi yako ni ya saruji.

Kwa mwajiri, ningesisitiza jambo moja: cheti hiki huonyesha rekodi ya polisi tu, na mtu ambaye hajawahi kuripotiwa hupita. Kwa hiyo wapigie simu waajiri wake wa zamani, na ukiwa na shaka kuhusu usalama wa mtoto, piga 116, simu ya msaada kwa watoto, ambayo ni bure.