Jinsi ya kubuni elimu ya mizingo kwa ulimwengu wa hadithi yako

Mpwa wangu alisoma sura ya kwanza ya hadithi yangu akaniuliza, "Shangazi, hawa Wazee wa Zingo mchana kutwa wanasoma nini hasa?" Nikakosa jibu. Nilikuwa nimewapa kanzu za buluu, mnara na vyeo, ila kazi sikuwapa. Ukitaka kubuni taaluma isiyokuwepo duniani, anza na swali lake hilo. Mnara utajengwa baadaye.

Mimi nilianza na dawa ya mbu, ile ya kuwasha, inayokuja mbilimbili zimekumbatiana na kukatika ukizitenganisha kwa pupa. Tenganisha taratibu, weka moja juu ya karatasi, chora mstari ulionyooka kutoka katikati hadi nje, halafu pima kwa rula nafasi kati ya zingo na zingo. Zinalingana. Sasa okota gamba tupu la konokono wa shambani, lile kubwa, litazame kwa upande wa ncha na upime vivyo hivyo. Hapa hazilingani: kila nafasi inaizidi iliyotangulia, na kadiri unavyokwenda nje ndivyo zinavyozidi kutanuka. Tayari una madhehebu mawili ya wanazuoni, na gharama yake ni rula na kiberiti.

Vipimo peke yake havitoshi, wape sababu ya kugombania. Mama mkubwa hushona makawa ya ukili. Ukili una upana uleule mwanzo hadi mwisho, kwa hiyo akiuzungusha kuanzia kileleni, kila zingo huongeza kiasi kilekile. Konokono hana ukili. Yeye huongeza gamba pale mdomoni, na kwa kuwa mwili nao unakua, kila akizunguka hujenga chumba kikubwa zaidi, umbo likibaki lilelile. Basi kwangu kuna Wanaukili, wanaoamini dunia ilishonwa, na Wanakonokono, wanaoamini dunia inakua. Chapati zangu za asubuhi zimewavuruga wote. Nikishasukuma donge nalipaka mafuta, nalikunja liwe kamba, kisha nailaza kamba izunguke. Kila mpishi husema "ikunje kama konokono", kumbe kwa rula ile ni ukili mtupu! Ugomvi huo umenilia kurasa kumi na moja, wala sijutii.

Ukiishiwa mbinu, iba kwenye historia. Archimedes wa Sirakusa, katika karne ya 3 kabla ya Kristo, aliandika kitabu kizima juu ya zingo la nafasi sawa. Jakob Bernoulli, mwanahisabati wa Basel huko Uswisi, alilipenda lile la pili, la konokono, hata akataka lichongwe kwenye kaburi lake pamoja na maneno ya Kilatini yenye maana kwamba ingawa amebadilika, anafufuka vilevile. Alifariki mwaka 1705. Fundi mawe akachonga zingo la nafasi sawa. Kosa la namna hiyo ni dhahabu kwa mtunzi. Kwenye hadithi yangu fundi hakukosea: alikuwa Mwanaukili wa siri.

Halafu kuna suala la mkono. Shika gamba ncha ikiwa juu na mdomo ukikutazama. Karibu kila mara mdomo utakuwa kulia kwako. Wa kushoto wapo, ila ni nadra, na katika baadhi ya jamii za konokono hupata taabu kupandana na wenzao kwa sababu viungo vyao vimekaa kinyume. Amua mapema ulimwengu wako unamfanyaje wa kushoto: anaabudiwa, anafichwa, au anatafutiwa mchumba nchi nzima? Mimi nimechagua la tatu, kwa sababu linazaa safari.

Mitihani nimeipitia haraka. Mwanafunzi hupewa nanasi na kufungwa kitambaa machoni, ahesabu kwa vidole safu za macho ya nanasi hilo zinazopinda huku na huku. Kwa kawaida ni 8 upande mmoja na 13 upande wa pili. Akikosea anakula nanasi na kurudia mwakani.

Jina usilidharau. Kwanza niliiita spirolojia, mpwa wangu akasema inasikika kama dawa ya kikohozi. Nikarudi kwenye kitenzi chetu kuzinga, nikapata Elimuzingo. Mwenye duka kijijini lazima aweze kulitamka jina hilo huku akilalamikia kodi inayowalisha wanazuoni.

Mwisho, ishushe elimu hiyo mtaani, imguse mtu asiyeijali. Nilirudi kwenye dawa yangu ya mbu. Ikiwaka kwa mwendo uleule, zingo la nje hukawia kuisha kuliko la ndani, maana ni refu zaidi. Kwa hiyo mji wangu hupima usiku kwa uvumba uliozungushwa, zingo moja kwa kila zamu ya ulinzi. Mlinzi wa zamu ya kwanza husimama mpaka miguu ivimbe, wa alfajiri hana hata muda wa kumaliza kahawa yake, na mshahara ni mmoja. Walinzi wa zamu ya kwanza sasa wamegoma, lango la mji liko wazi, na Wazee wa Zingo wameitwa barazani waje na rula zao.